Jasinta wa Meksiko Aliyeliliwa Bariadi

Bariadi,
Pamba inamalizika.

Kwako Mama yangu mpenzi,

Shikamoo Mama. Kabla hujasoma mstari mwingine, kaa chini, futa miwani, ujue kwamba sisi hatujambo. Mimi mzima, Rajabu mzima, na huyu aliyemo tumboni anapiga teke kila nikiinama kuandika, kwa hiyo naye mzima. Natumaini goti lako limepata nafuu tangu mvua ziishe, na kwamba unalikanda kama ulivyoagizwa, si kulisahau mpaka liume. Nayasema haya mapema kwa sababu najua barua yangu ya mwisho ilikuacha katika hali gani. Niliiandika nikilia, na nadhani hata wino ulionyesha. Mwambie Kaka Athumani asifunge safari ya kuja kunichukua. Mambo yamekwisha, Mama. Yamekwisha vizuri mpaka naona haya kwa machozi niliyokutumia.

Ile barua haikueleza kitu kikaeleweka. Nilikwambia tu kwamba nzengo inataka kututenga. Nzengo ni majirani wote wa kitongoji wakiwa kitu kimoja. Ndio wanaokuzika, ndio wanaokuchotea maji ukiugua, ndio wanaokubeba ukishikwa na uchungu. Wakikutenga, hakuna wa kukupa hata moto wa kuwashia jiko. Kwa mtu aliyetoka Handeni, asiye na shangazi wala binamu huku, na mwenye tumbo ambalo halimruhusu tena kuona vidole vyake vya miguu, hilo si jambo la kusema "potelea mbali". Sasa nimetulia, ngoja nikuanzie mwanzo.

Rajabu alipopata kazi ya ufundi kwenye kinu cha pamba cha mfanyabiashara mmoja, ulisema tunakwenda mwisho wa dunia. Siku hizi si mwisho wa dunia tena. Zamani pamba ilinunuliwa na ushirika peke yake. Sasa kila mwenye lori na mzani ananunua, na magari yanayokuja kubeba pamba yanashusha redio, mitumba, sabuni za kunukia na mikanda ya video. Rajabu akapata televisheni na deki kwa dereva mmoja, akafufua jenereta lililokuwa limekufa, tukaezeka banda uani na kuweka mabenchi. Yeye fundi, mimi mtafsiri. Kile Kiingereza cha Kidato cha Nne ulichonisomeshea kwa machungwa ya Babu ndicho kinachotulisha.

Mwanzoni tulionyesha ngumi na mateke kama kila mwenye banda. Wanaume walijaa, wanawake walipita wakitema mate. Siku moja Rajabu akarudi kutoka Mwanza na mikanda ya mwigizaji mmoja wa Meksiko, ambayo mwenye duka alikuwa ameichoka maana haikuwa na wateja. Alisema humo watu hawapigani, wanalia tu. Mwigizaji huyo anaitwa Jasinta Orendain. Wanasema Kihispania, chini ya picha yanapita maandishi ya Kiingereza, mimi nasoma mbiombio na kusema kwa Kiswahili. Mwanamke mmoja akaja kutazama, akaenda kumwita dada yake. Jumapili iliyofuata, baada ya kanisa, hapakuwa na pa kuweka mguu.

Jasinta ni jina la ubatizo hata huku, kwa hiyo akina mama walimpokea kama mtu wao, wakampa na ukoo: Jasinta ng'wana Meksiko, yaani binti Meksiko. Lakini mikanda ilikuja bila mpango. Katika wa kwanza tuliouweka, Jasinta ni bibi mwenye mvi anayefukuzwa na wakwe. Katika wa pili ni mke wa tajiri, manyoya shingoni, na mume ana nyumba nyingine ng'ambo ya mji. Mara mtawa. Mara mwanamke wa vitani, kavaa risasi kifuani kama shanga. Halafu ukaja mkanda ambao picha yake haina hata rangi, na humo Jasinta ni msichana mwenye mikia miwili ya nywele, anauza maua sokoni, sauti haijakomaa. Akina mama wakanigeukia, wakaniita "mayu", yaani mama, kama wanavyomwita kila mwanamke wa huku.

"Mayu, mwenzetu huyu mbona anarudi nyuma?"

Ikabidi niwaeleze kwamba hiyo ndiyo kazi yake, na kwamba sisi tumemjua kuanzia uzeeni. Nyuma ya makasha kuna maelezo mafupi, nikayaunganisha moja baada ya jingine. Alizaliwa mji wa vumbi, mvua kwa nadra kama Mwanhuzi, mji wa jirani na huku, mama yake akiuza mikate ya mahindi kando ya reli. Akatoroka na kundi la waigizaji wa mahemani. Katika picha yake ya kwanza alipita tu na kikapu kichwani, hakusema neno. Katika ya pili alisema neno moja. Kisha mtu akayaona yale macho, Mama, na wewe ungeyaona ungeelewa, na tangu hapo hakupitishwa tena na kikapu. Ujana ulipomtoka, wengi walidhani amekwisha. Yeye akajipaka mvi kabla mvi hazijaja, akaanza kuigiza mama za watu, na hapo ndipo alipopendwa hasa. Kasha moja linasema mama yake mzazi hakuwahi kuingia sinema kumtazama, hata siku moja. Alisema hawezi kukaa gizani akamwangalia mwanawe anapigwa na kufa.

Hilo la mwisho lilimkaa sana jirani yetu Mama Kwangu. Huyu ni mjane, nyumba yake na yetu zinagusana nyua, na ndiye mtafsiri wa pili wa banda, bila kuajiriwa na mtu. Mimi nasema Kiswahili, yeye anawapelekea bibi wa mabenchi ya mbele kwa Kisukuma, na kila sentensi yangu moja kwake inakuwa tano. Nikisema "ondoka nyumbani kwangu", yeye anaongeza na sababu. Binti yake Kwangu aliondoka na kijana mchunga ng'ombe wa upande wa Mwanhuzi, bila mahari, bila kuaga. Alipotuma mtu kuomba radhi, Mama Kwangu alijibu kwamba asikanyage uani kwake mpaka siku ya kuja kumzika. Msukuma akishatamka hivyo, kulirudisha neno ni kazi kuliko kulima. Miaka ikapita hivyo, mama huku, binti kule, na kila siku watu wote tunamwita mama huyu kwa jina la mtoto ambaye yeye mwenyewe hataki atajwe.

Basi, Jumapili moja tukaweka mkanda mpya. Jasinta ni mama ambaye binti yake ameondoka na mwanamume. Kila chakula anamwekea sahani yake. Mlango haufungi. Mwisho anafia mezani, mkono ukiwa kando ya ile sahani, na binti anafika na sanduku kukuta mishumaa tu. Mimi nilikuwa nasoma maandishi, sikutazama watu. Nilichosikia ni kwamba Kisukuma cha Mama Kwangu kinazidi kupungua. Tano zikawa mbili, mbili zikawa moja, halafu kimya. Bibi wa benchi la mbele akauliza, "Anasema nini huyo?" Banda zima lilikuwa linalia.

Kesho yake asubuhi Mama Kwangu akatandika mkeka uani na kuwasha magogo ya moto, kama inavyofanywa palipo na msiba. Wenzake wa banda wakaja kukaa naye. Baadaye nilimwuliza kwa nini, akanijibu, "Nimelia mpaka kifua kinauma. Niamke nichume pamba kama hakuna kitu?" Alijua vizuri ile ni michezo ya kuigiza, usimcheke. Alikuwa na kilio chake, akapata mahali pa kukiweka.

Tatizo ni desturi ya huku. Ukiona moto uani na wanawake mkekani, huulizi. Unaacha ulichokuwa unafanya, unabeba unga wako, kuni zako, ndoo yako ya maji, unaweka, unakaa, unalia. Maswali baadaye. Kwa hiyo nzengo nzima ikaja. Waliokuwa mashambani wakaacha pamba imefunguka vitumba. Wanawake wakapika. Malori ya pamba yakawa yanapita barabarani, makuli wakivua kofia. Mimi nilitoka nje nikashika kichwa, nisijue nianzie wapi kusema. Kisha wakaja wanaume na majembe na sepetu begani, wamejipanga, na mwenyekiti wa nzengo, Bwana Masunga, akauliza kwa sauti ya heshima, "Mayu, pole sana. Kaburi linachimbwa wapi?"

"Meksiko," akasema Mama Kwangu, hajainua uso.

Mama, ningekuwa kwa watu wengine ningecheka mpaka nijifungue hapo hapo. Na kweli nilianza kucheka, ndilo kosa langu. Sisi Wazigua na hawa Wasukuma ni watani tangu enzi za misafara ya mababu, nikadhani utani unaruhusu. Nikasema, "Msilie jamani, Jumapili ijayo nitamfufua!" Wanaume hawakucheka. Wameacha kazi, wamebeba majembe ya kaburi barabara nzima, na kwao jembe la kaburi halirudi nyumbani bila udongo. Bwana Masunga akanigeukia, akasema, "Moto wa msiba mmewasha. Mmelia, mmepika, mmekula. Maiti hakuna. Sasa niambie, binti, huyo maiti wenu atatoka nyumba gani?"

Hapo kicheko kiliniisha. Hofu ikaingia kila nyumba kwamba tumeliita jambo na litakuja. Na aliyelileta ni nani? Mgeni mwenye televisheni. Wakasema Jumapili tuhukumiwe, na kama wengi watakubali, tutengwe. Lakini watu hawakusubiri Jumapili. Nikiamkia "mwangaluka" narudishiwa ukimya. Kisimani wanawake walisogeza ndoo zao. Wale wale walioshika mkono wangu Jasinta alipofukuzwa na wakwe! Mama Kwangu mwenyewe alijifungia ndani, hakunitetea wala kunilaumu. Rajabu akafunga jenereta kwa turubai na kusema labda turudi Handeni. Ndipo nilipokuandikia ile barua.

Jumapili wakakusanyika uwanjani mbele ya ghala la zamani la ushirika, kando ya barabara ya Mwanhuzi. Nikasimama na tumbo langu, nikaeleza habari ya Jasinta tangu kikapu mpaka mvi, kwamba kufa kwake ni kazi, kama vile mcheza ngoma anavyojitupa chini na kugagaa kisha anainuka kujifuta vumbi. Bwana Masunga si mtu mbaya, alisikiliza.

"Amekufa mara ngapi mpaka sasa?"

"Kwa mikanda tuliyo nayo, mara tatu."

Vijana wa nyuma wakaguna. "Na kila mara watu wanamlilia?" akauliza.

"Ndiyo, baba."

"Na siku akifa kweli, watajuaje?"

Wewe ungejibu nini? Akaanza kuwaambia watu wanaotaka tutengwe wanyooshe mikono, na nikaona mikono inaanza kuinuka, mingine ya wanawake wa banda langu. Rajabu alikuwa amenishika kiwiko. Hapo tukasikia kilio barabarani.

Kilikuwa kilio cha kweli, Mama, kile ambacho ukikisikia hujui umesimamaje. Kilitoka upande wa Mwanhuzi, kilikuwa kinakuja. Mikono iliyokuwa juu ikabaki hewani. Mwanamke aliyekaa karibu nami akavuta watoto wake na kuhama. Mtu akasema taratibu, "Haya, limekuja." Wote wakanitazama mimi. Sijawahi kuogopa vile maishani mwangu.

Lori la pamba lilikuwa limesimama pale mbele, na mwanamke ameshuka, kanga kajifunga kiunoni, mtoto mgongoni, anakimbia na kuanguka na kuinuka. "Mayu wane! Mayu wane!" Mama yangu, Mama yangu. Alitupita kama hatupo, anakwenda moja kwa moja nyumbani kwa Mama Kwangu.

Mama Kwangu, aliyekuwa ametoka ndani asubuhi hiyo kuja kikaoni, akasimama katikati ya watu.

"Kwangu."

Yule akageuka. Alimwona, akakaa chini pale pale barabarani. Mtoto mgongoni akaanza kulia kilio chake mwenyewe. Mama Kwangu akamwendea, si mbio, akamfungua mtoto kwanza, akamtazama uso, masikio, mikono. Halafu akamwuliza binti yake, "Nani kakwambia nimekufa?"

"Makuli wa lori. Walisema kwako wameona moto na mkeka."

"Aliyekufa ni Jasinta."

"Jasinta yupi?"

Na uwanja mzima, Mama, wale waliokuwa wameinua mikono na ambao hawakuinua, wakapasuka kwa kicheko. Bwana Masunga alicheka mpaka akavua kofia kujifuta. Mama Kwangu peke yake hakucheka. Alikuwa ameshika mtoto kwa mkono mmoja, na kwa mwingine anamfuta Kwangu vumbi la usoni, kwa nguvu, kama anavyofutwa mtoto anayekwenda shule.

"Nilisema usije mpaka siku ya kunizika," akamwambia. "Umekuja kunizika. Neno langu limetimia, hakuna deni. Inuka, ng'wanawane, mwanangu, twende ndani ule."

Hakuna aliyehesabu tena mikono. Bwana Masunga alisema tu kwamba huyu Mzigua ni mtani, na mtani akichezea msiba hahukumiwi, bali yeye ndiye anayeuondoa. Kwa hiyo adhabu yangu ikawa kupika chakula cha kuondoa matanga ya Jasinta, na kuonyesha ule mkanda usio na rangi, wa mikia miwili, ili watu wamwone akiwa mzima. Na mimi ningepika nini na tumbo hili? Walipika wao. Mimi nilionja chumvi. Bwana Masunga alikaa benchi la mbele kabisa, na Jasinta alipotokea na maua yake sokoni, akasema kwa sauti, "Kumbe alikuwa binti mzuri hivi!" kana kwamba amemkuta marehemu kwenye picha ya ukutani.

Kwangu yupo bado. Mume wake anatarajiwa kuja na wazee wake kuzungumza habari za ng'ombe wa mahari, na Mama Kwangu ameshaanza kujizoeza uso wa kununa. Usidhani wanaishi kwa kukumbatiana. Asubuhi hii tu wamegombana kuhusu namna ya kusonga ugali, nimewasikia kupitia ukuta, nikafurahi. Wanawake wa kisimani sasa wananitania kuliko zamani. Wanasema mtoto wangu akiwa wa kike ni lazima aitwe Jasinta, Uislamu au hakuna Uislamu. Mama Kwangu amekwishasema yeye ndiye atakayenipeleka hospitali siku ikifika, na mwenye baiskeli ya kunibeba amekwishaambiwa asiende nayo mbali. Ndiyo maana nasema nimepumua, Mama. Nilikuwa sijui kwamba nimebana pumzi kwa muda wote huo.

Nisalimie Kaka Athumani na shemeji yangu, waambie nimeuona wema wao kwa kuwa tayari kuja. Nisalimie Shangazi anayefuma mikeka, Baba Mdogo mwadhini, na Bibi mzaa baba, ambaye najua atataka kusomewa habari ya majembe na Meksiko mara mbili. Mjomba fundi cherehani aambiwe Rajabu anamkumbuka. Wadogo zangu wawili wapige goti na kukusaidia kuchota maji, wasifanye uzembe.

Kuna jambo moja, nalo ndilo lililonifanya niandike leo badala ya kusubiri gari la wiki ijayo. Niliposikia kile kilio barabarani, kabla sijajua ni nani, kitu cha kwanza nilichofikiri ni wewe. Siku tunaondoka ulinipa mgongo ukajifanya unafukuza kuku, nami nikapanda gari nikijifanya sikuona. Kwangu alilia kutoka Mwanhuzi mpaka hapa, kumlilia mama aliye mzima, na bahati yake ndiyo hiyo. Sitaki kuisubiri bahati ya namna hiyo. Goti likiruhusu, njoo umpokee mjukuu wako. Lisiporuhusu, nikishatoka arobaini nitakuja mwenyewe na mtoto mgongoni, bila msiba, bila mtu kuniita, nikukute unapika, unigombeze mbele ya watu wote kwa nini nimekawia.

Mwanao akupendaye,
Mwanaidi